Sifuri ya Nyumbani

"Andika ni mimi," Fundi alisema. "Andika, nitie sahihi, tumalizane."

Inspekta hakuandika. Aliilaza kalamu juu ya meza ya chumba cha mahojiano, akamtazama kijana aliyekaa mbele yake. Katika kazi hii alishakutana na watu wanaokana huku damu ikiwa bado kwenye shati, na hao hawakumsumbua hata kidogo. Waliomnyima usingizi ni wale wanaokubali kabla hawajaulizwa.

Na kesi yenyewe, ukiitazama juu juu, ilikuwa nyepesi. Mkufunzi wa klabu ya kuruka kwa miavuli alikuwa ameanguka kutoka angani mchana kweupe, watu wakimtazama, mkewe akiwa miongoni mwao. Mwavuli wake mkuu haukufunguka. Ule wa akiba ulitoka nusu, ukafika kwenye nyasi pamoja naye. Miavuli yote miwili ilikunjwa na mkono mmoja, mkono wa Fundi, ambaye kwa marehemu hakuwa mtu baki. Alikuwa shemeji yake, kaka wa mkewe, tumbo moja. Ndugu wa marehemu walishakata shauri kwamba ndugu yao ameuawa, na kesho asubuhi Fundi angepandishwa kizimbani kwa mauaji.

"Haya basi," Inspekta alisema. "Uliharibu nini?"

"Nilikunja mimi."

"Hilo najua. Nakuuliza uliharibu nini. Kitanzi? Pini? Kamba?"

"Chochote. Andika chochote."

"Chochote si kitu kinachoharibika, kijana."

Fundi hakuinua macho. Mikono yake ilikuwa juu ya meza, na vidole vilikuwa vinalikunja pindo la shati lake, vinalikunjua, vinalikunja tena, sawasawa kila mara. Kisha aliinua macho kwa mara ya kwanza tangu aingie.

"Dada yangu amekuja hapa?"

"Bado."

"Asije. Na nyinyi msiende kwake, mzee wangu, nakuomba. Msimuulize lolote. Ana msiba, ana watoto wawili wadogo. Mwacheni."

Inspekta alifunga faili. Nje ya mlango, Koplo alikuwa amesimama na uso wa mtu aliyeshinda.

"Amekiri, Afande. Tunangoja nini tena?"

"Amekiri kitu asichokijua," Inspekta alisema. "Lete gari."

Kiwanja cha klabu kilikuwa juu, kwenye uwanda, na mji ulikuwa chini, kando ya mto. Barabara ilipanda kwa kona kali, na Koplo, ambaye kimya humpa homa, aliongea kona zote. Alirudia maelezo ya yule mwanafunzi aliyeruka na Mkufunzi siku ile, daktari wa meno, mwanamke mtu mzima ambaye mpaka leo hawezi kumaliza sentensi mbili bila kulia. Alipoteza mizani hewani, akaanza kupinduka. Mkufunzi akamfuata ili amshike, amtulize. Katika kupinduka, kisigino cha daktari kikampata Mkufunzi kichwani. Daktari akavuta wake, akashuka salama. Mkufunzi hakuvuta kitu. Alikuwa amezimia.

"Kwa hiyo mwavuli mkuu haukufunguka kwa sababu hapakuwa na wa kuufungua," Inspekta alisema. "Huo tuuweke kando. Hauna kosa."

"Ukabaki wa akiba."

"Ukabaki wa akiba. Na wa akiba unajifungua wenyewe mtu akizimia. Ndiyo kazi yake. Sasa kwa nini ulichelewa?"

Koplo alifungua kinywa ajibu, akapiga mwayo, akabana pua kwa vidole viwili. "Lo! Masikio yameniziba. Kila tukipanda mlima huu ni hivi hivi."

"Meza mate."

"Nimeyameza, Afande, mpaka yamekwisha."

Walimkuta Rubani kando ya ndege ndogo ya klabu, anafuta vioo. Alikuwa mtu wa kusema "mimi sipendi umbea" halafu anakaa sawa, na Inspekta aliwapenda watu wa namna hiyo, kwa kuwa hawahitaji kusukumwa.

"Mimi sipendi umbea," Rubani alisema, "lakini wiki moja kabla ya msiba walikorofishana. Mle bandani. Fundi alikuwa amepandisha mori. Nilimsikia kwa masikio yangu: 'Mwambie mkeo ukweli. Usipomwambia, nitamwambia mimi.'"

"Na Mkufunzi?"

"Alicheka. Akasema, 'Utamvunja moyo bure, shemeji.' Basi, sisi wote tukaelewa."

"Mlielewa nini?"

Rubani alishusha sauti, ingawa hapakuwa na mtu karibu. "Yule daktari wa meno. Alikuwa habanduki hapa. Kila Jumamosi yupo, na kila akiruka ni na Mkufunzi. Kaka gani atavumilia dada yake afanyiwe hivyo?"

Koplo alimtupia Inspekta jicho la "si unaona?" Inspekta hakuona. Mwanamke aliyekuwa akilia kituoni kwake hakulia kilio cha hawara. Alilia kilio cha mtu aliyeua bila kutaka.

"Siku ile mke wa marehemu alikuwepo," Inspekta alisema. "Alikuwa na kawaida ya kuja?"

"Hajawahi! Mama Pacha? Anaogopa hata ngazi. Siku ile ndiyo mara ya kwanza. Walivyoshuka kwenye gari, mkono kwa mkono, hawakuachana mpaka ndege inawashwa. Ilikuwa inapendeza, kusema kweli. Tukamtania Mkufunzi, leo umepata mke hata sala umesahau."

"Sala gani?"

"Aah, utani wetu tu. Kila akifika alikuwa anapitia nyuma ya banda na mkoba wake wa mwavuli, peke yake. Anakaa kidogo, anarudi. Tukawa tunasema anakwenda kusali."

"Siku ile hakwenda."

"Angekwendaje, mzee? Mke kamng'ang'ania."

"Nani alimkagua kabla ya kupanda ndege?"

Rubani aliacha kufuta kioo. "Fundi. Hapa hapandi mtu hajakaguliwa na mwenzake. Alimzungusha, akavuta mikanda, akafunua kifuniko hapo nyuma ya shingo akatazama, akampiga bega. Twende."

Ndani ya banda, mwavuli wa akiba ulikuwa umetandazwa juu ya meza ndefu ya kukunjia. Mbele yake alisimama Sajini, mwanamke mstaafu wa jeshi ambaye alikunja miavuli ya askari maisha yake yote. Inspekta alimwita kutoka mbali kwa sababu moja: hakumjua yeyote wa klabu hii, na hakuna aliyemjua yeye.

"Nimeukagua tangu alfajiri," Sajini alisema. "Nianze na lipi?"

"Anza na fundi."

"Fundi ni fundi. Tazama." Alipitisha kidole kwenye mkunjo uliobaki upande mmoja wa kitambaa. "Sehemu ambayo haikuwahi kutoka bado iko kama alivyoiweka. Mimi mwenyewe nisingeikunja vizuri zaidi. Kamba hazikusokotana. Hakuna alipokosea."

Koplo alikohoa. "Hicho kitanzi mbona kimekatwa? Hapo pamepita kisu."

"Pamepita kisu, ndiyo. Kisu chake mwenyewe." Sajini aliokota kisanduku kidogo chenye waya, akakiweka kwenye kiganja cha Inspekta. "Huyu wanamwita Mlinzi. Anakaa ndani ya mkoba. Ukiwa unaanguka kwa kasi ya kufa na umeshafika chini mno, anajua kuna tatizo, anakata kitanzi, mwavuli wa akiba unatoka. Siku ile alikata. Hakulala."

"Basi alichelewa."

"Alichelewa."

"Betri?"

"Betri nzima. Betri ikifa, hakati kabisa."

"Fundi anaweza kumchelewesha?"

"Huyu hafunguliwi ila kiwandani. Lakiri hii hapa, haijaguswa." Sajini alitikisa kichwa. "Ndiyo maana nasema sielewi. Watu wanadhani hatari ya mchezo huu iko angani. Hatari iko mezani hapa, kwenye vitu vidogo, kabla hujavaa. Nimetafuta hicho kitu kidogo tangu alfajiri sijakiona."

Inspekta alikigeuza kile kisanduku. Kulikuwa na kioo chembamba, na pembeni yake kitufe kimoja. Yeye ni mtu wa kuuliza maswali ya kitoto bila haya, na maswali hayo ndiyo yaliyompandisha cheo.

"Mlinzi anajuaje chini ni wapi? Ana macho?"

"Hana. Anapima hewa. Juu hewa ni nyepesi, chini ni nzito. Ukimwasha anaipima ya pale pale, anaandika sifuri kwenye kioo. Tangu hapo kwake ardhi ni hiyo."

"Na akiwa amewashwa, kioo kinaonyesha nini?"

"Sifuri. Haibadiliki mpaka azimwe. Mkaguzi akiiona sifuri anajua Mlinzi yuko macho."

Koplo, aliyekuwa amesimama mlangoni, alibana tena pua na kupuliza mashavu. Inspekta alimtazama. Aliendelea kumtazama mpaka Koplo akaona aibu, akashusha mkono.

"Samahani, Afande. Ni masikio."

Inspekta alitoka nje, akazunguka nyuma ya banda, pale Mkufunzi alipokuwa akienda "kusali". Hapakuwa na lolote: nyasi, pipa la mafuta lililopata kutu, na ukingo wa uwanda. Kutoka pale uliuona mji wote chini, mto, mabati ya nyumba. Alimeza mate, na sikio lake la kushoto likazibuka. Kumbe hivi!

Aliporudi, sauti yake ilikuwa ndogo.

"Sajini. Na kama Mlinzi aliwashwa kule mjini?"

Sajini alimkodolea macho. "Nani mwenye akili zake atawasha mjini? Sheria ni moja klabu zote, kila mtu anawasha wa kwake, kiwanjani, amesimama kwenye nyasi atakazotua."

"Nijibu tu. Kama aliwashwa mjini, akapandishwa huku kwa gari?"

Midomo ya Sajini ilihesabu. Kisha akainua mkono wake taratibu kuelekea kwenye dari ya banda, akaupandisha kidogo zaidi.

"Angeamini chini ni kule mtoni. Angesubiri. Angekata mtu akiwa amebakisha kitu kama minazi miwili mitatu kufika hapa. Na kwa kasi ile..." Alishusha mkono. "Mungu wangu. Ungetoka nusu."

"Ukitaka kurekebisha?"

"Unazima, unawasha upya. Ni kitu kidogo tu."

Kitu cha kufanya nyuma ya banda, peke yako, ili isijulikane. Inspekta aliona sasa kwamba yale maneno ya Rubani hayakuwa na daktari wa meno ndani yake. *Mwambie mkeo ukweli.* Na aliona pia kwa nini mtu asiye na kosa anang'ang'ania kuandikwa muuaji. Alitamani kwa dhati awe amekosea.

Nyumba ya marehemu ilikuwa karibu na mto kiasi cha kusikia maji. Waombolezaji walikuwa sebuleni. Mama Pacha aliwapokea chumbani, amekaa kwenye ukingo wa kitanda, mashati ya mumewe yamepangwa kando yake. Alikuwa bado na saa ya kazini kifuani, ile ya kubandika ya wauguzi. Alifanya kazi kliniki ya watoto wachanga. Mapacha walisikika uani wakigombea baiskeli.

"Pole sana, mwanangu," Inspekta alisema.

"Nimeshapoa. Mawifi zangu wanasema kaka yangu amekubali."

"Amesema maneno. Bado sijayaamini."

"Na mimi siyaamini, halafu nayaamini, halafu siyaamini." Alishika kola ya shati moja, akaiweka sawa. "Lakini kitu kimoja nakijua, mzee, na ukiandike. Wakikwambia kile kidude hakikuwashwa, wanadanganya. Kiliwashwa. Mtu alikiharibu baadaye."

Inspekta alikuwa amepanga aanzie mbali, azunguke, afike polepole. Mwanamke yule alikuwa amemfungulia mlango mwenyewe.

"Unajuaje kiliwashwa?"

"Niliwasha mimi."

Koplo, karibu na dirisha, aliinamisha kichwa.

"Mimi sikutaka aruke," Mama Pacha aliendelea. "Tangu tuoane sikutaka. Tuligombana mpaka tukachoka. Mwisho tukapatana: wewe utaruka, lakini Mlinzi nitamwasha mimi, kwa mkono wangu, kabla hujatoka mlangoni. Asipokuwa amewashwa na mimi, hutoki. Akawa ananiletea hapa kitandani asubuhi, nabonyeza, sifuri inatokea, namwambia haya nenda. Miaka yote. Ndiyo nikawa napata usingizi. Siku ile tulipofika kule nilimfunulia nyuma ya shingo nikatazama tena. Sifuri ipo. Sikuondoka ubavuni kwake mpaka anapanda."

Alimaliza, akangoja Inspekta aandike. Inspekta hakuwa na kalamu mkononi.

"Mbona huandiki?"

"Mama Pacha," alisema. Amewahi kugonga milango mingi kupeleka habari za vifo, lakini hii ilimshinda uzito. "Kile kifaa kinapima hewa. Hewa ya hapa mtoni si sawa na ya kule juu. Kikiwashwa mahali..."

Hakumaliza. Aliona kwenye uso wake kwamba haikuwa lazima amalize. Mkono wa Mama Pacha ulikuwa umesimama juu ya kola.

"Mizani," alisema polepole. "Kliniki, mizani ya watoto. Ukiihamisha meza, unaipiga sifuri upya kabla hujampima mtoto. Usipofanya hivyo inakudanganya." Alivuta pumzi. "Nawafokea wanafunzi wa uuguzi kila siku kwa jambo hilo."

Uani, pacha mmoja alicheka.

"Yeye alikuwa anajua?"

"Alikuwa anajua. Akifika alikuwa anajificha, anazima, anawasha upya. Hakutaka kukwambia kwamba mkono wako haukuwa na kazi. Siku ile ulikuwa naye."

"Siku ile nilimshika mkono." Alisema hivyo mara mbili, na mara ya pili hakuna sauti iliyotoka. Kisha akalia, si kilio cha msibani cha kuitikiwa na watu, bali kilio cha chini cha mtu aliyejifungia. Inspekta alikaa pale pale, akamngoja. Alipoweza kusema, aliuliza swali ambalo Inspekta alikuwa anaomba asiulize.

"Na kaka?"

"Anajua. Ndiyo maana amekubali. Ametuomba tusije kwako."

Mama Pacha alifuta uso kwa shati la mumewe, akasimama, akajifunga mtandio.

"Nipelekeni."

Fundi alimwona dada yake mlangoni mwa chumba cha mahojiano, akamgeukia Inspekta kwa macho ya mtu aliyesalitiwa. "Nilikuomba, mzee. Nilikuomba usiende."

Mama Pacha alikaa kwenye kiti cha Inspekta, meza ikiwa katikati yao.

"Ulipomkagua uliona nini kwenye kioo?"

"Dada, acha."

"Nakuuliza uliona nini."

"Sifuri."

"Ulijua ni ya nyumbani?"

"Nilidhani ameshaibadilisha. Siku zote alikuwa anaibadilisha." Machozi yalikuwa yanamtiririka na hakuyafuta. "Sifuri ya nyumbani na sifuri ya kiwanjani zinafanana, dada. Ningemuuliza tu, neno moja. Lakini ulikuwa umesimama pale, umefurahi, na yeye kanikonyeza ninyamaze. Nikampiga bega."

"Ukaona heri ufungwe."

"Mimi sina mtoto. Wewe unao."

"Na hao watoto ningewaambiaje? Kwamba baba yao aliuawa na mjomba wao? Wakue nalo hilo, kwa sababu wewe na shemeji yako mliona mimi siwezi kuambiwa kitu?" Alipiga meza kwa kiganja, mara moja. "Mngeniambia! Mmoja wenu angeniambia, ningekasirika siku mbili, basi. Leo angekuwa hai."

Fundi alinyoosha mkono wa kulia juu ya meza, akauacha pale. Ilichukua muda, lakini Mama Pacha aliushika.

Inspekta alivuta kiti cha pembeni, akafungua faili. "Shitaka la mauaji halipo tena," alisema. "Hii ni ajali, na nitaiandika kama ilivyotokea. Nianzie wapi?"

"Andika niliwasha mimi," Mama Pacha alisema.

"Andika nilikagua mimi," Fundi alisema.

Inspekta aliandika yote mawili, moja chini ya jingine, kisha akawasogezea karatasi. Walitia sahihi kwa kalamu moja, wakipokezana kwa mkono wa kushoto, kwa kuwa mikono ya kulia haikuwa imeachana.